Sababu Niliyomnyima Hakimu

Kakuma, 2013

Ewoi mwanangu,

Leo mchana, mbele ya shangazi zako na majirani waliokuja kukuaga, ulipokabidhiwa nyama ya mbuzi niliyekuchinjia uliuliza kwa sauti, kila mtu akasikia: "Huyu ni mmoja wa wale wa Ekuwam?" Wengine walicheka wakidhani ni mzaha. Mimi nilitoka nje nikajifanya ninaangalia moto.

Mambo ya safari tumeyamaliza. Nani atakupokea Eldoret, chuo cha kuchomelea vyuma kiko upande gani, blanketi, viatu, hayo umeyasikia hadi umechoka, nami nimechoka kuyasema. Ninaandika kwa ajili ya wale mbuzi. Ningekuambia kwa mdomo, lakini kila nikianza kuitaja ile asubuhi wewe hutafuta kazi ya kufanya nje. Basi nitaiweka barua hii juu ya begi lako uisome kabla hatujaondoka. Kiswahili changu ni cha shule ya misheni kule Kaikor na cha kuuza chai miaka mingi; kitatosha. Kiturkana ndicho nilichonyonya, lakini hakuna aliyewahi kunifundisha kukiandika.

Nianze na siku Ekuwam aliponichoma, kwa sababu wewe ulikuwa shuleni na unachokijua ni bandeji tu.

Alikuwa ameniambia mara nyingi nihame. Watu wapya walikuwa wakiingia kambini kutoka Sudan Kusini kila siku, biashara ilikuwa imechangamka, na yeye mwenye malori alitaka ghala pale pale kilipokuwa kibanda changu. Ploti haikuwa yake. Ilikuwa yangu tangu wewe hujaanza kutembea. Siku ile alikuja na vijana watano wenye mitaimbo, nami nilikuwa nimeinamia karai la mafuta, nikigeuza mandazi.

"Mama Ewoi," akasema, "mimi nimekwambia uhame mara ngapi?"

"Umeniambia. Nami nimekujibu."

"Leo nimekuja na jibu langu."

Nikamwambia, "Karibu chai basi, unywe ukiwa umesimama, maana viti ni vya wateja." Watu waliokuwa wakinywa chai walicheka. Nilifurahia kile kicheko, Ewoi. Nakumbuka nilivyofurahi. Nilikuwa bado natabasamu alipolipiga karai teke.

Mafuta hayaanguki kama maji. Yanashika. Yalinishika mguu wa kushoto kuanzia gotini, na mkono nilioutanguliza kujikinga. Nilijaribu kuyafuta, na ngozi ya kiganja ikatoka pamoja na mafuta, ikaning'inia vidoleni kama soksi. Sikulia mara moja. Niliitazama tu. Vijana wale walikuwa tayari wanang'oa mabati juu ya kichwa changu, na mmoja alinikanyaga akipita. Aliyenivuta nje ni Mama Achol, yule Mdinka aliyekuwa akiuza samaki wakavu jirani yangu. Alinimwagia ndoo yake ya maji, kisha akarudi ndani akamuuma yule kijana mkononi mpaka akaachilia bati. Alipotoka alikuwa na damu mdomoni, naye akatema mchangani akaniambia, "Si yangu hii. Yake."

Baada ya hapo unayajua. Uliacha shule kidato cha tatu ukaja kuniuguza. Ulinisafisha vidonda ambavyo wauguzi wenyewe walivigeuzia uso. Ulinilisha kwa kijiko, wewe mvulana mwenye ndevu zinazoanza kuota, na usiku nilipopiga kelele ulinishika miguu ili nisiupige ule mguu ukutani. Hukusema lolote juu ya Ekuwam. Nilidhani kunyamaza kwako ni utu uzima.

Kesi ya polisi haikufika mbali. Mashahidi wawili walikuwa wamerudi kwao ng'ambo ya mpaka, na Ekuwam aliandikisha kwamba nilijikwaa mwenyewe. Katekista wetu ndiye aliyenieleza kwamba kuna njia nyingine: naweza kumdai Ekuwam mimi mwenyewe katika korti ya Lodwar kwa madhara aliyonifanyia, na mtu asiye na wakili anaruhusiwa kusimama peke yake. Nikafungua kesi. Huko waliniita mdai, na Ekuwam mdaiwa. Nililipenda lile neno. Tangu nizaliwe watu walikuwa wakinidai mimi.

Nilikwenda Lodwar kila nilipoitwa. Mguu ulikuwa haukunjiki vizuri, kwa hiyo nilikaa kwenye gari nimeunyoosha katikati ya abiria, watu wakiuruka. Nikifika naambiwa wakili wa mdaiwa ameomba muda. Narudi. Mara ya pili muda tena. Hatimaye tukapewa siku ya kusikizwa, na hakimu akamwambia wakili kwamba siku hiyo hakuna cha muda, atakayekuja atasikizwa.

Sasa nakuja kwenye jioni ile, na hapa ndipo ninapoandika polepole.

Kesho yake ndiyo ilikuwa kesi. Nilikuwa nimetoka kununua sukari nikakutana na Ekuwam mbele ya duka. Hakunitukana. Aliutazama mkono wangu, vidole vilivyogandana, akamwambia aliyekuwa naye, "Huyu hata kuapa hawezi. Atashikaje Biblia?" Wakacheka, wakapita.

Nilifika nyumbani nikakukuta ukijaza mitungi. Ungeweza kuwa mtu yeyote, Ewoi. Ningemkuta paka ningemwambia yeye. Nilikuambia: "Angekuwa baba yako hai, yule mtu angekuwa ameshazikwa. Mimi nimezaa mtoto wa kuchota maji."

Ulimaliza kujaza mtungi, ukaufunika vizuri, ukaenda kulala.

Nakuuliza na najiuliza: baba yako angefanya nini hasa? Nilimtumia kama fimbo ya kukuchapia, na hata sikukueleza alivyokufa. Ndugu yake aliuawa na wezi wa mifugo upande wa Lowarengak. Baba yako na wenzake wakaondoka kwenda kulipiza, nasi wanawake tukasimama kuwaimbia, nami niliimba kwa sauti kubwa kuliko wote, wewe ukiwa mgongoni. Waliwapata waliowataka. Waliua, na wakiwa njiani kurudi na ng'ombe nao wakapatwa. Wenzake walimkuta baada ya tai kumkuta. Walinionyesha shanga zake za kiunoni nimtambue kwazo, kwa sababu usoni hapakuwa na cha kutambua. Huyo ndiye baba niliyekuambia angekuwa hai mambo yangekuwa tofauti. Hayupo kwa sababu alifanya kile nilichokuwa nakudai wewe.

Asubuhi yake nilitoka kabla hujaamka, au hivyo nilidhani. Sikutaka kukuamsha. Stejini magari ya Lodwar yalikuwa yamejipanga nyuma ya gari la polisi, maana wakati ule barabara ilikuwa haipitiki bila msafara. Nilipanda gari la pili, nikaupanga mguu wangu. Dereva alikuwa ameshawasha injini alipopita mama mmoja mwenye maziwa, tunajuana naye. Akanisalimu dirishani. "Ejok, Mama Ewoi. Mwanao ana nini leo? Nimekutana naye kule kwa Ekuwam, amenipita kama hanijui. Ana panga."

Nilishuka. Dereva akaniita, "Mama, msafara ukiondoka siwezi kukungoja! Na nyuma hakuna gari lingine leo!"

Nilimsikia vizuri. Nakuambia hivyo usije ukafikiri nilichanganyikiwa. Nilijua kesi ilikuwa kwenye lile gari na wewe ulikuwa upande mwingine, na sikusimama kupima.

Kukimbia sikuweza. Nilikuwa naruka kwa mguu mmoja na kuuburuta wa pili, na kovu nyuma ya goti likapasuka, nikahisi maji ya moto yakishuka hadi kisiginoni. Nilikata katikati ya laga, ule mto mkavu, mchanga ukinimeza. Nilikuona kabla hujaniona. Ulikuwa umechuchumaa kwenye vichaka vya mathenge nje ya ua wa Ekuwam, miguu mitupu, umeinua matawi ya miiba kwa mkono mmoja ili upite chini yake. Ungekuwa umeshaingia kichwa kama ningechelewa kidogo.

Sikukuita. Ndani kulikuwa na walinzi na bunduki. Nilikurukia tu kutoka nyuma, nikakushika shingo.

Wewe hukujua ni mimi. Nataka ulisome hilo mara mbili. Uligeuka kama ambavyo mtu yeyote angegeuka, na panga likaja na wewe. Liliondoka na kipande cha sikio langu la kulia, likateremka begani, likakwama kwenye mfupa. Nilisikia mlio wake ndani ya kichwa, kama mtu anayevunja kuni. Ukavuta. Ndipo ukaniona.

Ulifungua mdomo na nikajua utapiga kelele, nikaufunga kwa mkono wangu huu mbovu. Damu ilikuwa inakuingia machoni, damu yangu, nawe ukawa unapepesa tu. Ndani mlinzi akauliza, "Nani uko hapo?" Nikasikia bunduki ikikokiwa.

Nilikuambia sikioni, "Liache panga. Nenda ziwani kwa mjomba wako. Nenda sasa."

Ukatikisa kichwa. Hukutaka kuniacha. Ndipo nikafanya kile ambacho najua bado kinakuuma kuliko vyote: nikaokota jiwe nikakupiga nalo usoni. Nikainua la pili. Ulikimbia ukiwa umeshika mdomo. Lile jino lako linalokosekana nililing'oa mimi, na sikufanya hivyo kwa hasira. Sikuwa na njia nyingine ya kukutoa pale.

Mlinzi alifyatua risasi mbili kwenye mathenge. Moja ilivunja tawi, likaniangukia mgongoni na miiba yake yote. Nililala kifudifudi, nimelalia panga, nikila mchanga ili nisilie. Alisimama kidogo, akasema na mwenzake kwamba ni fisi, akarudi ndani. Nilitambaa hadi lagani. Panga nililifukia kwa mikono, na mvua ya mwisho ililichukua; usiende kulitafuta.

Mama Achol ndiye aliyenikuta, akija na samaki wake. Alisimama akanitazama kama mtu anayetazama mzigo atakaoubeba.

"Mama Ewoi, wewe nakufa hapa?"

"Sijui."

"Nani nakata wewe? Ekuwam?"

"Hapana."

Aliniangalia tena, akaona upande ulipokimbilia, nyayo zako bado ziko kwenye mchanga. Hakuuliza lingine. "Kalas," akasema, maana yake kwao ni basi, yameisha. Akazikanyaga zile nyayo moja baada ya nyingine kwa viatu vyake, kisha akanibeba. Walinishona kambini. Wakati sindano inapita nilikuwa nafikiri juu ya saa: sasa msafara umefika wapi, sasa korti imeketi, sasa wanaita jina langu.

Niliposimama tena kwa miguu yangu nilikwenda Lodwar. Karani wa korti, mwanamume mpole, alifungua faili akanisomea. Jina langu liliitwa ndani, likaitwa tena nje mlangoni. Sikuitika. Mdaiwa alikuwepo, wakili wake alikuwepo, mdai hakuwepo, na hakuleta habari ya kwa nini hayupo. Kesi ikatupiliwa mbali.

"Mdaiwa alikuwepo?" nikamuuliza. "Asubuhi ile?"

"Alikuwa hapa kabla sijafungua mlango. Alilala Lodwar, alifika jana yake usiku na askari aliowakodi."

Nililazimika kukaa chini, Ewoi. Ekuwam hakuwa nyumbani. Ungepita chini ya ile miiba ukakuta walinzi wawili, mke wake na watoto wadogo waliolala uani kwa sababu ya joto. Mtu uliyemfuata alikuwa Lodwar kwa ajili ya kesi yangu. Katika sisi sote watatu, ni yeye peke yake aliyefika mahali alipoitwa.

Karani alidhani nimekaa kwa sababu ya kesi, akanihurumia. Akanieleza kwamba kama mimi na Ekuwam sote tusingefika, ningeweza kuanza kesi nyingine. Lakini yeye alifika akalikana dai, na mimi sikufika, kwa hiyo kesi mpya hairuhusiwi. Lililobaki ni kumwomba hakimu airudishe ile ile. "Na atakuuliza sababu," akasema. "Umpe sababu ya kweli, mama. Huyu hakimu husikiliza watu."

Nikaomba. Nikapewa siku, na siku hiyo nilifika mapema mno.

Hakimu alikuwa mwanamke, wa umri wangu hivi. Wakili wa Ekuwam alizungumza Kiingereza kirefu, mkalimani akinifupishia: kwamba mimi nimepoteza muda wa watu, kwamba anayelala hawezi kuamka na kudai. Hakimu akamkatiza, akanigeukia kwa Kiswahili.

"Mama, kwa nini hukuja?"

"Niliugua."

"Uliugua nini?"

"Nilianguka."

Akanitazama bega, bandeji ilikuwa bado. Akatazama sikio. "Ulianguka juu ya nini?"

Wakili akacheka kidogo. Hakimu hakucheka. Akaweka kalamu chini.

"Mama, hiki kidonda naona ni cha kukatwa. Nataka kukusaidia, lakini siwezi kukusaidia bila sababu. Kuna mtu alikukata?"

Nikavuta kanga juu ya bega.

"Mdaiwa alituma mtu akuzuie usifike hapa? Kama ndivyo, sema sasa. Usiogope."

Mwanangu, hebu fikiria mahali nilipokuwa nimesimama. Watu wote ndani ya ile korti walikuwa wameshaamini. Ningesema "ndiyo" tu, neno moja, kesi ingerudi na Ekuwam angelala ndani siku hiyo hiyo. Nilimwangalia. Alikuwa ameshika kiti cha mbele yake kwa mikono miwili, jasho likimtoka kwenye nyusi, kwa sababu alijua kwamba safari hii hakunigusa na alijua kwamba hakuna atakayemwamini. Kwa mara ya kwanza tangu anichome, alikuwa ananiogopa. Na nilitaka kulisema. Lilikuwa limefika kwenye meno.

Lakini wangeuliza ni nani aliyetumwa. Polisi wangekuja Kakuma wakitafuta mtu mwenye panga, mlinzi angekumbuka ile asubuhi, mama wa maziwa angekumbuka aliyekutana naye. Wangefika kwako kabla ya kufika kwa mtu mwingine yeyote. Na kusema ukweli wenyewe, kwamba nilikatwa na mwanangu nikimzuia asiue, ilikuwa kukutia pingu mbele ya mtu uliyekwenda kumuua.

"Hapana," nikasema. "Hakutuma mtu."

"Basi ni nini kilichokuzuia?"

"Sina sababu, mheshimiwa."

Alikaa akinitazama. Nafikiri alijua kwamba sababu ipo, na kwamba ni mtu. Wanawake tunajuana. Aliandika kwa muda, kisha akasoma: mdai hakutoa sababu ya kutosha, ombi limekataliwa. Alipomaliza akaniambia kwa sauti ya chini, nje ya yale ya kuandikwa, "Pole, mama." Nilitoka nikaketi kwenye benchi la nje mpaka mchana.

Sasa mbuzi. Ekuwam alirudi Kakuma akiwa haelewi. Nilikuwa nimemshika koo nikamwachilia, na mtu wa aina yake hajui jambo kama hilo linatoka wapi, isipokuwa mtu anataka kitu. Basi akatuma mchungaji wake na mbuzi, akawafunga mlangoni kwangu mchana kweupe, mtaa mzima ukitazama. Mimi nilikuwa kambini nikibadilishiwa bandeji. Niliporudi niliwafungua, na mimi na Mama Achol tukawaswaga hadi kwake, giza likiwa limeingia. Tukawaachilia uani. Aliyewaona wakija ni kila mtu. Aliyewaona wakirudi ni Mama Achol, naye aliwaambia watu lakini wakasema huyo ni rafiki yangu, atasema nini kingine. Ekuwam hakukanusha kwamba nimeuza kesi kwa mbuzi wake. Ilimfaa kuonekana amenunua kuliko kuonekana amesamehewa. Ghala lake lilisimama juu ya kibanda changu kabla mvua hazijaja, nami nikahamia karibu na lango la kambi.

Uliporudi kutoka kule ziwani, Ferguson's Gulf, umekonda, mikono imechanwa na nyavu, ulikuwa umeshasikia habari ya mbuzi kabla hujafika mlangoni. Nilikuona usoni. Nilingoja uniulize. Wewe ulingoja nikwambie. Nilikuwa na sababu zangu: nilifikiri ukijua nilichopoteza kwa ajili yako utakwenda tena kwa Ekuwam, safari hii mchana, nami sina sikio lingine la kutoa. Nikaona afadhali unidharau mimi kuliko umkumbuke yeye. Hapo ndipo nilipokosea, na nilikosea mwaka mzima. Tulikula sahani moja tukiwa kama wapangaji. Ukikutana na bega langu uligeuza macho, nami nikadhani ni dharau, kumbe pengine ilikuwa aibu. Sijui. Sikuuliza. Nilimnyamazia hakimu kwa sababu nilipaswa. Wewe nilikunyamazia kwa sababu nilizoea.

Hakuna unachonidai, na mimi sikudai. Sikuitoa ile kesi kama zawadi ya kukumbushwa. Kama gari lile lingeondoka nami ningekuwa ndani yake, labda leo ningekuwa na ghala, lakini ningekuwa nakuletea uji gerezani, au ningekuwa naonyeshwa shanga. Nimeyafikiria yote mawili nikikanda unga, na sijawahi kuchelewa kuchagua.

Ninachoomba ni kidogo. Huko uendako watu watakukosea; wewe ni Mturkana unakwenda mahali ambapo watakuuliza kama unakula nyama mbichi. Utakuwa na moto mkononi na vyuma vya kuchomelea, na hasira yako naijua, ni yangu. Sikuombi usikasirike. Mimi mwenyewe bado ninakasirika. Ekuwam akipita na lori lake mimi hutema mchangani. Lakini usimtume mtu mwingine kwenda kubeba hasira yako, kama nilivyokutuma mimi kwa maneno. Na ukikaa kimya kama ulivyokaa kwenye ule mtungi, mtafute mtu umwambie kabla hujalala. Nipigie simu. Sema tu, "Mama, leo," nami nitaelewa yanayofuata.

Kesho nitakusindikiza hadi Lodwar, usinibishie. Basi la Kitale linaondoka jioni, tutakuwa na muda. Nataka tushuke karibu na korti tukae kwenye lile benchi, uniulize unachotaka, hata kama ni kibaya. Nitajibu kila kitu. Na usipotaka kuuliza, tutakunywa soda tuondoke.

Halafu uende ukasome. Siku utakaporudi Kakuma, urudi kwa ajili yangu, usirudi kwa ajili yake.

Mama yako,
Nakiru